Historia yetu katika filamu: Picha zipo, funguo ziko London

KILA inapokaribia Desemba 9, watazamaji wa televisheni nchini huonyeshwa picha zilezile: bendera ya Uingereza ikishushwa, ya Tanganyika ikipandishwa, na Julius Nyerere akiwa katikati ya umati wenye shangwe. Ni nadra mtazamaji kujiuliza picha hizo zimetoka wapi.

Mwaka 1961 Tanganyika haikuwa na televisheni, na Tanzania Bara ilisubiri hadi mwaka 1994 kupata vituo vyake vya kwanza. Waliokuwa na kamera usiku ule walikuwa hasa wapiga picha wa habari za sinema kutoka nje, wakiwamo wa Pathé ya Uingereza. Mikanda yao ilisafirishwa London, na huko ndiko ilikobaki.

Ndiyo maana mtayarishaji wa Dar es Salaam anayetaka kutengeneza filamu kuhusu Uhuru huanza kwa kumwandikia mtunza kumbukumbu za filamu aliye ng'ambo. Huyo hupekua maelezo ya mikanda, kisha hutuma nakala hafifu yenye nembo ya maktaba na saa inayokimbia juu ya picha. Mtayarishaji huchagua sekunde anazozihitaji na kuzilipia, bei ikitegemea nchi zitakakoonyeshwa na kwa miaka mingapi. Nakala safi hutolewa baada ya hapo. Pathé iliweka filamu zipatazo 85,000 kwenye mtandao wa YouTube mwaka 2014, lakini kutazama bure si ruhusa ya kutumia.

Hata hivyo, fedha si tatizo kubwa kuliko yote. Mtunza kumbukumbu hupata kile kilichoandikwa kwenye maelezo ya mkanda tu. Maelezo mengi ya enzi hizo huwataja kwa majina gavana na mgeni wa kifalme, Waafrika wakibaki "wenyeji". Anayemtafuta mwanasiasa fulani wa TANU anaweza kumkosa ilhali sura yake imo humo humo.

Mfano mchungu zaidi ni wa Zanzibar. Miongoni mwa picha chache sana za filamu zinazoonyesha mauaji ya Januari 1964 ni zile zilizopigwa kutoka angani na Waitaliano Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, zikaingizwa katika filamu yao "Africa Addio" ya mwaka 1966. Filamu hiyo ililaumiwa vikali kwa mtazamo wa kibaguzi. Mtayarishaji wa leo anaweza kuondoa sauti ya msimulizi wao. Jicho la aliyeshika kamera haliondoki. Akiziacha, hana picha. Akizitumia bila kueleza zilikotoka, anawapunja watazamaji wake.

Ziko pia zilizopotea kabisa. Kati ya mwaka 1935 na 1937 mradi wa Waingereza uliokuwa na makao Vugiri, mkoani Tanga, ulitengeneza filamu zipatazo 35 za kuwaelimisha Waafrika. Zinazojulikana kubaki ni 3, nazo zimehifadhiwa Uingereza.

Nairobi inaonyesha kwamba mambo yangeweza kuwa vingine. Mohamed Amin, aliyeanzisha Camerapix jijini Dar es Salaam mwaka 1963 na baadaye kuhamia Kenya, aliwauzia picha Visnews na BBC, zikiwamo zile za njaa ya Ethiopia za mwaka 1984, lakini alijiwekea hazina yake mwenyewe. Alipofariki katika ajali ya ndege iliyotekwa mwaka 1996, mwanawe Salim alikuwa na pa kuanzia, na mwaka 2006 akatoa filamu "Mo & Me".

Kwa Tanzania, hatari ya sasa iko nyumbani. Mazishi ya Mwalimu ya mwaka 1999 na uchaguzi wa vyama vingi wa mwaka 1995 vilirekodiwa na vituo vyetu wenyewe, katika kanda za sumaku. Mwaka 2019 UNESCO ilitahadharisha kuwa kufikia 2025 kanda za namna hiyo zingekuwa ngumu kuchezwa, kwa kuwa mashine zake hazitengenezwi tena na mafundi wanaozijua wanastaafu. Mwaka huo umeshapita. Safari hii hakuna mgeni aliyezichukua, na kanda ambazo hazijahamishiwa kwenye kompyuta zinaendelea kukaa katika joto na unyevu wa pwani, huku waliozirekodi, wanaoweza kutaja nani ni nani katika kila picha, wakizidi kupungua.