Wagombanao wamepatana, Jamhuri bado imenuna!

NDUGU wakigombana chukua jembe ukalime, wakipatana chukua kapu ukavune. Ndivyo walivyotuasa wahenga. Lakini katika kesi za mume na mke, Kakonko, Kibondo na hata huko Dar, wapo wajanja wanaovuna misimu yote miwili!

Chukua mfano wa kijana aliyemzaba mkewe kofi. Mke kaenda polisi, kijana katupwa lupango, jalada limefunguliwa. Baadaye wazee wa pande zote wamekaa, mume kaomba radhi, mke karudi nyumbani. Wakienda kituoni kusema yamekwisha, wanajibiwa kesi ni ya Jamhuri, njooni tarehe. Tarehe ikifika, upelelezi haujakamilika. Kibarua kinaota nyasi, watoto wanalala njaa. Hapo ndipo mlango wa "chai" unapofunguka.

Ni kweli, jinai ni kesi ya Jamhuri. Lakini wasichokwambia ni kwamba kifungu cha 163 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 kiliipa mahakama uwezo wa kuhimiza suluhu katika shambulio la kawaida na makosa mengine ya mtu na mtu. Mahakama ikiona maslahi ya umma hayadai adhabu, yaweza kukubali fidia au masharti mengine na kusimamisha shauri. Anayepima ni mahakama, si askari wa kaunta wala mjomba mwenye mahari mfukoni!

Vijana wenzangu, msishangilie mapema. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 66, inasema hakuna mwenye haki ya kumpiga mwenzi wake. Na tusidanganyane: suluhu nyingi za ukumbini ni mke kuambiwa avumilie, maana ng'ombe wa mahari wameshaliwa. Huo si upatanisho, ni kumfunga mtu mdomo. Aliyevunja mkono wa mkewe au kumchoma moto asijifiche nyuma ya mbuzi wa faini.

India wamelipitia hili. Mwaka 2012 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo, katika shauri la Gian Singh, ilikubali kesi za jinai zitokanazo na ugomvi wa ndoa zifutwe na Mahakama Kuu wahusika wakipatana. Mauaji na ubakaji ikayaweka kando kabisa.

Sisi tunangoja nini? Wanandoa wakipatana, wafikishwe haraka mbele ya hakimu. Mke asikilizwe peke yake, bila mume, bila wakwe. Masharti yaandikwe, fidia ilipwe mikononi mwake, na aliyepiga akirudia, asitegemee huruma ya pili.

Jalada likifungwa mahakamani mchana kweupe, mke analindwa, kijana anarudi kazini. Likifungwa uchochoroni kwa "kitu kidogo", anayeshiba ni mmoja tu, na mnamjua!