Maabara Pepe Katika Mafunzo ya Fiziolojia na Famakolojia

Miongoni mwa mambo yanayozungumzwa sana siku hizi katika vyumba vya wakufunzi ni maabara pepe, yaani programu ya kompyuta inayoigiza jaribio ambalo mwanafunzi angelifanya kwa chombo, kwa kemikali au kwa mnyama. Wako wanaoisifu kana kwamba imekuja kutumaliza shida zote za ufundishaji wa sayansi. Wako pia wanaoibeza kwa kuwa haichafui mikono. Kwa maoni yangu, mabishano hayo yanatupotezea wakati. Mkufunzi anayewaandaa walimu wa Baiolojia anapaswa kujiuliza jambo moja: jaribio lipi tulikabidhi kwa kompyuta, na lipi tulishike wenyewe?

Jambo lenyewe si geni kama wengi wanavyodhani. Katika miaka ya 1970 walimu wa tiba wa Chuo Kikuu cha McMaster, Kanada, na wenzao wa London walikwisha kutunga modeli za kompyuta zilizoitwa MacMan na MacPuf, ya kwanza ikihusu mzunguko wa damu na ya pili upumuaji. Baadaye John Dempster wa Chuo Kikuu cha Strathclyde, Glasgow, alitunga programu zinazoigiza majaribio ya dawa juu ya kipande cha utumbo na juu ya moyo na shinikizo la damu la mnyama. Huko India, R. Raveendran wa chuo cha tiba cha JIPMER, Pondicherry, alitunga ExPharm, ili mwanafunzi ajifunze utendaji wa dawa pasipo kuua wanyama wengi. Programu hizo zote zilitungwa na watu waliokuwa na maabara kamili. Walizitumia kuongeza juu ya kile walichokuwa nacho. Tofauti hiyo tusiisahau.

Hapa kwetu hali ni nyingine. Mwaka 2012 Rais Jakaya Kikwete aliagiza kila shule ya sekondari ya kata iwe na maabara tatu, za Fizikia, Kemia na Baiolojia, na wananchi wakachangia ujenzi. Lakini chumba chenye meza na sinki hakijawa maabara. Mwenye kuijua Newala anajua habari ya maji: udongo wa uwanda wa Makonde ni wa kichanga, mvua huzama chini sana, na kwa vizazi vingi akina mama waliteremka mabondeni kuyafuata maji, hata baada ya mradi wa Makonde kuanza kuyapandisha kwa mashine katika miaka ya 1950. Mwanachuo wetu anayekwenda mazoezi ya kufundisha anaweza kabisa kukuta bomba kavu na kabati lisilo na kemikali. Wakati huohuo, anaweza kukuta kishikwambi, kwa maana vile vilivyotumika katika Sensa ya mwaka 2022 viligawiwa walimu. Na katika kishikwambi hicho anaweza kuweka, bila kuhitaji intaneti kila siku, majaribio ya mradi wa PhET wa Chuo Kikuu cha Colorado, Marekani, ulioanzishwa mwaka 2002. Mojawapo ya majaribio hayo huonyesha seli ya neva: mwanafunzi anaisisimua, kisha anatazama ayoni za sodiamu zikiingia na za potasiamu zikitoka. Hakuna darubini ya shule yoyote inayoweza kumwonyesha jambo hilo.

Hapa ndipo kishawishi kinapoingia. Mtu mwenye madaraka akiona kishikwambi kimoja kinafanya majaribio hamsini, atasema: ya nini basi kununua kemikali? Na mwalimu aliyechoka atakubaliana naye upesi. Atakayelipia ni mwanafunzi. Huyo atakapoingia katika mtihani wa vitendo atawekewa mezani kielelezo halisi, chenye damu au majimaji, akitakiwa kukipasua na kuchora alichokiona.

Tuchukue somo la mapigo ya moyo. Nimepata kuwapa wanachuo programu yenye mgonjwa wa kuigiza, nao wote wakaandika hesabu moja, tena kwa furaha. Kisha wakaambiwa wapimane wenyewe, kwa vidole viwili juu ya kifundo cha mkono na saa ya ukutani. Mmoja alipata 64, mwingine 98, na wawili wakapishana juu ya mkono wa mtu mmoja. Ubishi ukazuka. Je, aliyepata 98 alikuwa amepanda kilima? Je, huyu alihesabu kwa kidole gumba, ambacho nacho kina mapigo yake? Je, sekunde kumi na tano zatosha, au tuhesabu dakika nzima? Ubishi huo ndio somo la fiziolojia. Programu nyingi hutoa jibu lililosafishwa, kwa sababu chini yake mna hesabu tu. Na hata ile iliyotungwa kwa ustadi, ikachanganya tofauti za kubahatisha ndani yake, haimfundishi mtu kuutilia shaka mkono wake mwenyewe.

Majaribio ya namna hiyo, yasiyohitaji umeme wala maji, ni mengi kuliko tunavyokiri. Rula ya sentimita 30 ikiangushwa kati ya vidole vya mwenzako, naye akaidaka ikiwa imeshuka sentimita 20, umepata muda wa mwitikio wake, nao ni kama sekunde 0.2. Kuhesabu pumzi kabla na baada ya kukimbia uwanjani hakuna gharama. Daktari Leader Stirling, aliyefika Masasi mwaka 1935 na baadaye akawa Waziri wa Afya wa nchi hii, alifanya upasuaji huko Lulindi katika majengo ya udongo na nyasi. Hakungoja jengo.

Kwa upande wa famakolojia, hata hivyo, naitetea kompyuta bila kusita. Jaribio maarufu la somo hilo hutaka kipande cha utumbo wa simbilisi kitundikwe katika chombo chenye maji ya chumvi yenye joto linalokaribia la mwili, huku kikipitishiwa oksijeni. Hutiwa asetilikolini, na utumbo hujikunja. Dozi ikizidi, mkunjo nao huzidi, mpaka hufika kikomo. Ukitangulia kutia atropini, dozi ileile haifui dafu tena, na yahitajika kubwa zaidi ili mkunjo urejee. Chuo cha ualimu hakitapata chombo hicho, wala sioni kwamba ni haki kuua simbilisi kwa ajili ya darasa litakaloona jambo hilo mara moja tu. Katika programu mwanachuo atalirudia mara ishirini, atakosea dozi, atachora mchoro wake, na hakuna kitakachokufa.

Na wala tusiseme kwamba jambo hilo liko mbali na maisha yetu. Mkoa wetu unaishi kwa korosho, na mikorosho hupuliziwa dawa. Katika viuatilifu vya kilimo limo kundi la organofosfati, ambalo hukizuia kimeng'enya kinachovunja asetilikolini mwilini. Aliyelewa nalo hutokwa na mate, machozi na jasho, mboni za macho husinyaa, na pumzi humbana. Naye hospitali humtibu kwa atropini ileile. Mwalimu aliyekwisha kuona katika kioo cha kompyuta jinsi dawa hizo mbili zinavyoshindana ataweza kumweleza mtoto wa mkulima kwa nini baba yake asipulizie bila kujifunika pua na mikono, wala asile kabla ya kunawa. Somo hilo haliwezi kufundishwa kwa jaribio la kweli, na halipaswi.

Chura yuko katikati. Moyo wake huendelea kupiga kwa muda baada ya yeye kufa, na ndio uliomwezesha Otto Loewi, mwaka 1921, kuthibitisha kwamba neva huuagiza moyo kwa njia ya kemikali. Jaribio lake la mioyo miwili tuliachie programu. Lakini chura mmoja, aliyeuawa na mkufunzi kwa klorofomu na kupasuliwa mbele ya darasa zima, aonekane walau mara moja kabla ya kompyuta kuwashwa. Vyura hupatikana tele wakati wa mvua, nazo huku kusini hunyesha tangu Novemba au Desemba hadi Aprili. Kwa hiyo napendekeza mada ya moyo na mzunguko wa damu iwekwe Januari na Februari katika maazimio yetu ya kazi, na majaribio ya dawa kwa kompyuta yasogezwe hadi Julai, wakati mashimo yamekauka na chura hapatikani hata kwa kutafutwa.