Sinema ya kutetea wanawake ifike mpaka kwa karière

Ndugu wachimbaji, na ninyi mama zetu wa Banalia, kila jioni jenereta inawaka kwa karière, tunaangalia mpira na filamu za kupigana. Lakini zile sinema zinazoonyesha jeuri wanayofanyiwa wanawake, zinabaki mjini, kwa salle, mbele ya watu wa makoti.

Si kama hakuna wa kuzitengeneza. Dieudo Hamadi, mtoto wa Kisangani, alitoa «Maman Colonelle» mwaka 2017. Anamfuata Honorine Munyole, kolonel wa polisi ya kulinda wanawake na watoto, aliyetoka Bukavu kuja kufanya kazi Kisangani. Wanawake walioumizwa kwa vita ya siku sita, Juni 2000, wanakuja kumwambia yao. Ni filamu nzuri sana, lakini inapita saa moja, na haisemi mambo ya karière. Sisi tunataka fupi, dakika 10, kwa Swahili na Lingala, mbele ya mpira kuanza.

Ionyeshe kitu gani? Ionyeshe kwanza saa. Mwanamke aliyebakwa anapaswa kuanza dawa ya kuzuia ukimwi mbele ya saa 72 kupita. Na sisi tunafanya nini katika zile saa? Wazee wanakaa chini ya mti, wanapima dhahabu kwa balansi, wanaongeza mbuzi, wanagawana. Binti mwenyewe hapati hata kipande cha sabuni. Siku ya ine ndiyo watu wanakumbuka hospitali, na njia yetu munaijua namna iko.

Sheria ya tarehe 20 Julai 2006 ilikata maneno: kubaka ni buloko miaka 5 mpaka 20, na kulipa amande hakufungi kesi. Kwa hiyo ule mbuzi haumalizi kitu. Ni wangapi kati yetu wanajua hivi?

Kuko wenye kusema filamu kama hizi zinaharibu wanawake, zinawafundisha kiburi. (Hao hao hawakusema kitu juu ya filamu za uchi zinazozunguka kwa telefone za vijana.) Mama anayebeba mchanga na anayetupikia fufu kwa deni, anarudi usiku peke yake kwa njia ile ile yetu.

Ma PDG wa mashimo, jenereta ni yenu, ekran ni yenu. Tunaomba dakika 10, siku ya yenga. Nani ataanza?