CHUO CHA MAHAKAMA KIPO LUSHOTO, HAKI YA MPANGAJI IKO WAPI?



Atakayepanda gari Mombo akaelekea juu, akapita Soni, hatimaye atawasili Lushoto, mji ambao Wajerumani waliuita Wilhelmstal wakaufanya makao ya utawala wao katika milima ya Usambara. Mji huo una baridi ya kumfanya mtu wa pwani atafute blanketi mchana, una matunda ya kila namna, na una jambo jingine la kujivunia: ndipo kilipo Chuo cha Uongozi wa Mahakama, kilichoundwa kwa sheria ya Bunge ya mwaka 1998. Hapo hufundishwa vijana watakaokwenda kushika mafaili na mizani ya sheria katika nchi nzima.

Basi katika mji huo huo wa kufundishia haki, mtu aliyepanga chumba kimoja hana sheria maalumu hata moja inayomlinda kwa upangaji wake. Asubuhi mwanafunzi huandika daftarini kwamba hapana mtu atakayehukumiwa pasina kusikilizwa. Jioni, kama hakupata bweni, hurudi katika chumba ambacho mwenyewe akitaka kumwondoa hatamsikiliza yeye wala mwalimu wake.

Jambo hili halikushuka na mvua. Ni kazi ya mikono ya watu, na mwaka wake unajulikana.

Mwaka 1984 Bunge lilipitisha Sheria ya Kudhibiti Kodi za Nyumba, Nambari 17. Sheria hiyo haikuwa ya kwanza ya namna yake. Hata mkoloni, kwa hofu ya ghasia mijini, alikuwa na amri zake za kuzuia kodi. Lakini ya 1984 ilikuwa na meno. Iliweka Mabaraza ya Nyumba ya Mikoa, na juu yake Baraza la Rufaa. Mwenye nyumba hakuweza kumtoa mpangaji kwa kuwa ameamka na hasira. Ilimpasa aende barazani, ataje sababu inayokubaliwa na sheria, na apate amri. Na kodi ikizidi kiasi, mpangaji aliweza kuomba baraza lipime kodi ya haki.

Mwaka 2005 sheria hiyo ilifutwa. Ilifutwa ndani ya muswada wa marekebisho ya sheria mbalimbali, ule ambao huchanganya mambo kama pakacha la sokoni: papai, muhogo na samaki pamoja, na mnunuzi akifika nyumbani ndipo agundue kilichooza. Hapakutungwa sheria nyingine ya kushika mahali pake. Tangu siku hiyo mpangaji wa Lushoto, wa Tanga na wa Dar es Salaam ameachwa na karatasi aliyotia saini, ikiwa karatasi yenyewe ipo.

Twaambiwa Sheria ya Ardhi ya 1999 inatosha. Ni kweli sheria hiyo ina sehemu ya upangaji, tena ina maneno mazuri: mpangaji akae kwa amani, na pale ilipopangishwa sehemu tu ya jengo, mwenye jengo atengeneze paa, kuta kubwa na mifereji. Aliyelala Lushoto mwezi wa Aprili anajua thamani ya paa. Nyumba nyingi zimechongewa kiwanja ubavuni mwa mlima. Maji yakikosa njia hupita uvunguni mwa kitanda. Maneno mazuri basi yapo. Twauliza: nani atayatekeleza, wapi, na kwa gharama ya nani?

Tumfuate mpangaji mmoja katika safari ya kudai haki yake. Kodi yake, mathalan, ni shilingi elfu arubaini kwa mwezi. Amelipa ya mwaka mzima, paa linavuja, na mwezi wa nne ameambiwa atoke kwa kuwa amepatikana mwenye kuongeza. Zamani kidogo angeweza kupeleka shauri katika Baraza la Kata, akahukumiwa karibu na kwake. Lakini marekebisho ya mwaka 2021 yameliondolea Baraza la Kata uwezo wa kuamua mashauri ya ardhi. Kazi yake sasa ni kusuluhisha tu. Likishindwa, litoe cheti kwamba limeshindwa, au zipite siku thelathini. Ndipo aende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, akalipe ada, aandike maombi kwa taratibu zake, aitwe leo aahirishiwe kesho. Akishindwa akata rufaa, njia ni Mahakama Kuu, na Mahakama Kuu haipo mlimani, iko Tanga. Hesabuni nauli ya kushuka Mombo hadi Tanga na kurudi, mara tatu au nne, mbali na mwandishi wa hati na mbali na siku za kazi zilizopotea. Kodi anayoidai imekwisha njiani.

Mwenye nyumba anaijua hesabu hiyo vizuri kuliko sisi. Kwa hiyo hana haja ya kushinda kesi. Kufuli moja jipya mlangoni linamtosha.

Na siku hizi, ndugu zangu, hata mwenye nyumba haonekani. Amejificha nyuma ya wakala, au dalali, au kampuni ya kusimamia majengo. Tatizo hili ni kubwa zaidi katika maghorofa ya mijini, lakini limekwisha kupanda mlima. Ukimwendea wakala kwa khabari ya choo kilichoziba, atakwambia yeye ametumwa kukusanya tu. Ukimtafuta mwenyewe, utaambiwa zungumza na wakala. Wakati wa kupokea fedha wakala ana mamlaka kamili, na wakati wa kutengeneza hana mamlaka yoyote! Mpangaji akitaka kushtaki hajui amshtaki nani. Na akimshtaki asiye, shauri lake linaweza kuondolewa barazani kabla paa halijatajwa. Huyo dalali naye, kwa kuonyesha mlango tu, hutoza kodi ya mwezi mmoja. Daktari hatozi hivyo kwa kumwangalia mgonjwa.

Tena wapo wanaotaka kodi ya miezi sita au ya mwaka kwa mkupuo. Mshahara wa nchi hii hulipwa kwa mwezi, mkulima wa viazi hupata kwa msimu, mchuuzi hupata kwa siku. Ni nani basi anayepata kwa mwaka mbele? Hapana. Mpangaji hukopa, na huanza kuishi katika chumba chake akiwa mdeni wa mtu mwingine. Akishalipa ya mwaka, amekabidhi silaha yake yote, kwani mpangaji hana silaha isipokuwa ile kodi ya mwezi ujao.

Kiswahili chetu kina neno moja, kodi, kwa haki ya mwenye nyumba na kwa haki ya Serikali. Tulidhani ni ufinyu wa lugha, kumbe ni utabiri. Tarehe 20 Agosti 2021 Serikali ilianza kukusanya kodi ya majengo kupitia LUKU: shilingi 1,000 kila mwezi kwa nyumba ya kawaida na 5,000 kwa ghorofa. Mwaka 2023 viwango vikapanda, vikawa 1,500 na 7,500. Kodi ya jengo ni ya mwenye jengo, na hilo halina mjadala. Lakini umeme hununuliwa na nani? Hununuliwa na aliye ndani. Waliolalamika waliambiwa wapatane na wenye nyumba. Mtu asiye na sheria ya kumlinda apatane na mtu mwenye ufunguo! Hayo si mapatano.

Na watu wa Usambara wana historia yao katika jambo hili, wala si watu wa kufundishwa maana ya kuwa mgeni katika nyumba yako. Wajerumani waliitangaza ardhi isiyo na hati kuwa ya dola kwa amri ya mwaka 1895, wakawagawia masetla mashamba. Mwaka 1907 wilaya ya Wilhelmstal ikaleta kipande: Msambaa afanye kazi kwa Mzungu siku thelathini katika kila miezi minne, kwa ujira uliokwisha kupangwa, na asiyefanya apelekwe kwa nguvu kazi za serikali. Alipokuja Mwingereza, naye alileta mpango wa matuta, ulioanzia bonde la Mlalo mwaka 1946, akimwamuru mkulima namna ya kushika jembe katika shamba la babu yake. Wasambaa waliukataa, na ulipofika mwisho wa miaka ya hamsini mpango ulikuwa umekufa. Hawakuwa na mawakili. Walikuwa na umoja.

Baada ya Uhuru, Serikali ya Tanganyika, na baadaye ya Muungano, ilifahamu ubaya wa mtu kuishi kwa jasho la mpangaji. Mwaka 1963 miliki za daima ziligeuzwa upangaji wa serikali. Mwaka 1965 nyarubanja ya Bukoba ilivunjwa, na mwaka 1968 watwana wa ardhi kwingineko wakafunguliwa vivyo hivyo. Mwaka 1971 yakatwaliwa majumba ya kupangisha yenye thamani ya shilingi laki moja na zaidi. Mtu anaweza kulaumu mengi katika hayo, khasa lile la 1971, na sisi hatukuwa watu wa kupiga makofi kila jambo likitangazwa. Lakini watawala wale angalau walijua yuko mpangaji. Hawa waliowarithi wamehifadhi picha zao ukutani na kufuta sheria zao.

Hatusemi sheria ya 1984 ilikuwa malaika. Mabaraza yake yalikuwa mazito, na wapo wenye nyumba, wajane na wastaafu miongoni mwao, waliokaa miaka wakidai vijisenti. Mwenye chumba kimoja cha kupangisha ili apate dawa si mnyonyaji. Dawa ya sheria iliyozeeka ni kuifanya mpya. Uganda mwaka 2022 ilitunga sheria ya mwenye nyumba na mpangaji: kodi isipande zaidi ya asilimia 10 kwa mwaka, na mtu asitolewe bila amri ya mahakama. Wenye nyumba wa Kampala hawajafa njaa kwa khabari hiyo.

Atauliza msomaji: Unguja na Pemba zahusu nini na vyumba vya Lushoto? Ardhi na nyumba si jambo la Muungano. Kweli kabisa. Lakini wabunge wanaotoka visiwani hukaa katika Bunge lile lile, hukaa mswada wa mambo ya Bara ukisomwa, na walikuwamo katika Bunge lililofuta sheria ile mwaka 2005. Tukiwapa kura waende kule, hatuwezi kusema hatuhusiki na wanalolipitisha. Kisha watoto wetu wanasoma Bara, wachuuzi wetu wamepanga Tanga na Lushoto. Na mkumbuke kwamba Ng'ambo yetu hii, mwaka 1928, wake kwa waume waligoma kulipa kodi ya viwanja kwa matajiri wa ardhi, mpaka serikali ya kikoloni ikalazimika kuweka mpaka wa kodi hizo kwa amri.

Kwa hiyo tunataka mambo haya yaulizwe Bungeni na wabunge wetu, kwa majina yao: itungwe sheria ya mwenye nyumba na mpangaji, kodi isidaiwe zaidi ya miezi mitatu mbele, wakala aandikishwe, na akipokea kodi awajibike pia kwa matengenezo, mtu asifungiwe mlango bila amri ya baraza, na kodi ya jengo iliyokatwa katika LUKU ihesabiwe kuwa sehemu ya pango.

Kila tawi lichague mtu mmoja wa kukusanya ushahidi. Mwanachama aliyepanga, awe visiwani au Bara, alete stakabadhi za pango, mkataba kama anao, na risiti za LUKU za miezi kumi na miwili. Asiye na stakabadhi aandike tarehe na kiasi alicholipa, na jina la aliyepokea.