Upendo wa Mama Sio Sera ya Serikali

Makamanda, tukikaa kuzungumza mambo ya nchi hii tunaanza na Katiba mpya, tume huru ya uchaguzi, ajira na bei ya mafuta. Ni sawa kabisa. Lakini kuna jambo liko ndani ya nyumba zetu kabisa, tunalala nalo na kuamka nalo, na bado hatuliiti siasa. Nazungumzia unga. Na sizungumzii mapapa wanaouingiza, hao wana siku yao. Leo naongelea mama, mke, dada na mchumba wa mtu anayetumia. Hawa ndio wanaobeba mzigo ambao serikali imeutua mlangoni kwao na kuondoka.

Tuanze na mapenzi, maana wengi wanadhani unga unaanzia kijiweni kwa pusha. Kwa wanaume wengi ni kweli. Ila ukiwasikiliza wanawake waliopitia huko, utasikia hadithi nyingine: alianzia chumbani, kwa mtu aliyempenda. Jamaa anavuta, binti anamwonea huruma au anataka wawe kitu kimoja, anaambiwa "onja tu kidogo". Miezi michache baadaye wote wawili wanaamka na arosto, na mmoja lazima atoke akatafute hela. Mara nyingi anayetoka ni yeye binti, na njia ya kuitafuta mnaijua.

Mwaka 2005 watafiti waliofanya kazi na wanawake wanaojidunga hapa Dar es Salaam waliandika jambo lililowashtua madaktari. Mwanamke aliyepata kete alikuwa anajidunga, kisha anavuta damu yake ndani ya bomba la sindano na kumpa mwenzake asiye na hela, kwa imani kwamba damu ile imebaki na unga wa kumtuliza arosto. Kiafya ni balaa: VVU na homa ya ini vinahama moja kwa moja. Lakini hebu tuangalie na upande wa pili. Yule dada hakuwa anamuua mwenzake. Alikuwa anamgawia kitu pekee alichokuwa nacho. Ni huruma hiyo, imepotea njia kwa sababu hakukuwa na mahali pengine pa kuipeleka.

Sasa njoo nyumbani. Mama yangu mdogo anaishi na mwanawe, mdogo wangu, ambaye alitumia heroini kwa miaka kadhaa. Ukiingia kwa mama mdogo enzi hizo unaona vitu ambavyo huwezi kuelezwa ukavielewa mpaka uvione. Mtungi wa gesi unalala chumbani kwake. Sukari na mafuta viko kwenye sanduku la kufuli. Simu iko chini ya mto. Unga wa maandazi anayouza anaununua wa siku moja tu, kwa sababu mfuko ukilala jikoni asubuhi haupo. Jirani akiibiwa vioo vya gari, anakuja kwa mama mdogo kabla hajaenda polisi, na mama mdogo analipa. Alikuwa ananiambia, "Mwanangu, nalipa ili wasije wakamchoma moto." Haikuwa lugha ya picha. Tunajua wananchi wenye hasira wanachofanya.

Watu walimsema sana. Mchelea mwana kulia hulia mwenyewe, walisema. Eti anamlea teja. Mimi naomba tuiangalie hoja hii kwa heshima, kwa sababu ina ukweli ndani yake. Mzazi anayetoa hela kila anapoombwa anaweza kuwa ndiye anayenunua kete bila kujua. Wapo kina mama walioufunga mlango na mtoto akashtuka, akaenda kutafuta tiba. Lakini wapo pia waliofunga mlango na wakaja kuitwa mochwari. Methali ile ilisemwa kwa mtoto mtundu, si kwa ugonjwa. Heroini ikishaukamata mwili, mtu hatafuti tena raha, anatafuta kutoumwa. Huwezi kumpiga mtu viboko akapona arosto, kama usivyoweza kumpiga akapona malaria.

Kilichomtoa mdogo wangu ni methadoni. Kwa wasioijua: ni dawa ya maji ambayo mgonjwa anakunywa mbele ya mhudumu wa afya, kila siku, na inamzuia arosto kwa takriban saa 24 bila kumlewesha kama heroini. Akili inatulia, mtu anaanza kupanga maisha. Kliniki ya kwanza ilifunguliwa Muhimbili Februari 2011, zikafuata Mwananyamala na Temeke, na baadaye Zanzibar, Dodoma, Mbeya, Mwanza, Tanga, Arusha na kwingine. Dawa ni bure. Hili serikali imefanya, na sina sababu ya kulificha kwa vile tu niko upinzani. Ukweli ni ukweli.

Ila dawa kuwa bure haina maana kwamba tiba ni bure. Daladala mbili kwenda, mbili kurudi, kila siku, Jumapili na sikukuu zikiwemo. Piga hesabu mwenyewe mara siku 30, kwa mtu asiye na kazi. Anayelipa nauli hiyo ni nani? Mama wa maandazi. Nani anamsindikiza miezi ya mwanzo asije akachepukia kijiweni? Yeye yeye. Akiugua mama, tiba imesimama. Kwa hiyo mfumo mzima wa afya, pamoja na madaktari wake na miongozo yake, umefungwa kwenye kamba moja, nayo ni upendo wa mama. Na ambaye hana mama je? Wanawake wanaotumia, ambao wengi walishatengwa na kwao zamani, wataletwa kliniki na nani? Ndiyo maana ukienda pale utawaona wanaume wengi na wanawake wachache mno.

Nasoma sheria, kwa hiyo mnivumilie kidogo nitoe somo, maana hapa ndipo siasa inapoingia.

Sheria ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya ya mwaka 2015 ni kali, na marekebisho ya 2017 yaliiongezea makali. Dawa zikizidi uzito uliowekwa, hakuna dhamana, unakaa mahabusu hadi kesi iishe. Kwa msafirishaji wa magunia, sina neno. Lakini sheria hiyohiyo inamfanya mkosaji mwenye nyumba au mkaaji anayeruhusu kwa kujua nyumba yake itumike kwa makosa hayo. Sasa mchukue mama anayesema, "Bora avutie hapa ndani kuliko kwenye gofu akafie huko." Mama huyo yuko upande gani wa sheria? Jibu lake halipendezi, na kina mama wengi hawalijui mpaka siku askari anapogonga.

Kuna kingine. Sheria ya Ushahidi ya 1967, kifungu cha 130, inasema mke au mume wa mshtakiwa anaweza kuwa shahidi wa upande wa mashtaka lakini halazimishwi, isipokuwa katika mazingira fulani yaliyotajwa. Waliotunga waliona kwamba kumlazimisha mke asimame kizimbani amfunge mumewe ni kuvunja kitu ambacho hata serikali inakihitaji. Vizuri. Lakini kinga hiyo haimhusu mama. Mzazi analazimishwa kama shahidi mwingine yeyote. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, tunasema, ila mahakamani uchungu huo hauna kifungu. Matokeo yake kina mama wananyamaza. Hawaendi polisi kumtaja pusha anayewamaliza watoto wao, kwa sababu wanajua atakayeanza kukamatwa ni mtoto.

Kwa akina dada mlio kwenye ndoa na mtu anayetumia, yapo ya kuwasaidia, na nayaandika hapa kwa sababu pengine hakuna atakayewaambia. Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 59, inamzuia mume au mke kuuza, kupangisha au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Kwa hiyo akikuletea karatasi usaini kwa haraka haraka usiku, usisaini. Kifungu cha 107 hakitaji unga kwa jina kama ushahidi kwamba ndoa imevunjika, lakini kinataja ukatili, wa mwili na wa akili, na kutelekeza kwa makusudi. Hata kama hamkufunga ndoa, mkiishi pamoja miaka 2 au zaidi na watu wakawatambua kama mume na mke, sheria ina dhana ya ndoa ambayo inaweza kukulinda. Kumpenda mtu hakukulazimishi uzame naye. Unaweza kumpeleka kliniki na bado ukalinda paa la watoto wako.

Sasa turudi kwa wakubwa. Mwaka 2014 meli ya kivita ya Australia ilikamata kilo 1,032 za heroini kwenye jahazi, katika bahari nje ya Mombasa. Hiyo ni shehena moja, tena iliyokamatwa. Heroini ya Afghanistan inashuka na majahazi kutoka pwani ya Iran na Pakistan mpaka kwenye mwambao wetu, na njiani kuna fedha, kuna mitaji, kuna watu wa kupisha. Februari 2017 Mkuu wa Mkoa wa Dar es Salaam wa wakati huo, Paul Makonda, aliitisha vyombo vya habari na kusoma majina. Wasanii, wafanyabiashara, akafika mpaka kwa Freeman Mbowe, aliyekuwa Kiongozi wa Kambi Rasmi ya Upinzani Bungeni. Nchi nzima ikasimama kuangalia. Jamani, mtuhumiwa anapelekwa mahakamani na ushahidi, hasomewi jina kwenye kamera kwanza. Na wakati sisi tumekodolea macho televisheni, mama wa Manzese alikuwa amebaki na mtoto wake na mtungi wake wa gesi chumbani.

Na wapo waliopoteza watoto mbali zaidi. Padri John Wotherspoon, anayewahudumia wafungwa Hong Kong, alianza mwaka 2013 kampeni ya kusambaza barua za wafungwa wa dawa za kulevya ili ziwafikie vijana wa nchi walikotoka, Tanzania ikiwemo. Anayebeba kete tumboni kwenda ng'ambo kwa kawaida si tajiri. Ni kijana aliyeahidi kumjengea mama yake, au binti aliyeombwa na mpenzi wake "unifikishie huu mzigo tu". Mapapa wanajua wapi pa kugonga. Wanagonga kwenye upendo na kwenye shida, mahali ambapo sisi wanasiasa hatufiki.

Basi tudai nini? Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya yenyewe inasema kazi yake ina nguzo nne: kupunguza upatikanaji, kupunguza uhitaji, kupunguza madhara na ushirikiano wa kimataifa. Sisi tuibane kwa maneno yake.

Kwanza, methadoni ishuke karibu na watu, kwenye vituo vya afya na hata magari yanayozunguka, ili nauli isiwe ndiyo inayoamua nani apone.

Pili, sheria iseme wazi kwamba mzazi, mwenzi au ndugu anayemleta mtumiaji kwenye tiba hatashtakiwa kwa kuwa aliishi naye, na alichokieleza kwa mhudumu wa afya hakitatumika dhidi ya mgonjwa.

Tatu, kuwe na huduma ya wanawake peke yao, yenye mahali pa mtoto, na nyumba za soba zikaguliwe kwa viwango, zisiwe biashara ya kumtoza mama mwenye uchungu hela ya kiwanja.

Nne, asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri inayokopeshwa kwa wanawake, vijana na watu wenye ulemavu iwafikie na vijana walio kwenye tiba. Madiwani wetu, hata kama ni wachache, wanaweza kulianzisha hili kikao kijacho.

Na sisi wenyewe tuna letu la kufanya. Tuache kuita wapinzani wetu mateja mitandaoni. Kila ukiandika hivyo kumsuta mtu wa chama tawala, kuna kamanda mwenzako anasoma akiwa na kaka yake ndani, anafunga simu na kunyamaza. Tuache pia, kwenye kampeni, kuwakusanya vijana wa vijiweni kwa elfu mbili mbili watupigie kelele mkutanoni, halafu jioni tunajifanya hatujui ile hela imeenda wapi. Kama chama kinataka kura ya mama yule, kianze kwa kumheshimu mtoto wake.

Mdogo wangu bado anaenda kliniki. Hajamaliza, na sijui kama kuna kumaliza kwa haraka kwenye jambo hili. Ninachojua ni kwamba kuna tawi la chama chetu karibu na kila kliniki ya methadoni jijini hapa, na sijawahi kusikia tawi lililokwenda kuuliza wanakosa nini. Wiki hii nendeni. Vaeni nguo za kawaida, msibebe bendera, ongeeni na kina mama waliokaa kwenye benchi nje. Andikeni wanachosema, mkilete kwenye kikao cha kata. Ilani ya kweli iko pale.