Rada bila daftari la mitumbwi haitatusaidia

Ndugu wamemba wa koperative,

Kila mara wavuvi wananyang'anywa moteri usiku, kuna mtu anasema: "Leta iweke rada ku ziwa!" Wazo si baya. Lakini sisi ambao mihogo, maharagi na mawese yetu inapita mu boti toka Baraka mpaka Kalundu, tujue kwanza tunaomba kitu gani.

Rada inatuma mawimbi kama ya redio. Yakigonga kitu, yanarudi. Chuma inayarudisha kwa nguvu. Mbao inarudisha kidogo tu, na mtumbwi uko chini sana, maji yakichafuka yanauficha. Tena, dunia ni mviringo: rada iliyo ku mnara wa meta 10 inaona uso wa maji mpaka kilometa 13 hivi, na ziwa letu liko na urefu wa kilometa zaidi ya 650. Hata ikiona, inaonyesha nukta tu. Haijui kama ni mvuvi, mwizi, ao mama anayepeleka mihogo ku soko.

Njo maana ninasema kazi ya kwanza iko mikononi mwetu. Kila mtumbwi uwe na namba, na jina la mwenyewe liandikwe mu daftari la bandari. Wakati uvuvi unafungwa, 15 Mei mpaka 15 Agosti, daftari hilo litatenganisha mvuvi na msafirishaji. Bila hilo wote watafukuzwa pamoja. Boti za mbao zifunge juu ya mlingoti bati tatu zilizokutana kwa pembe mraba. Zinarudisha mawimbi ya rada vizuri, na fundi wetu wa mabati anaweza kuzitengeneza.

Tukumbuke tarehe 3 Oktoba 2024: boti toka Minova ilizama karibu na bandari ya Kituku, Goma, makumi ya watu wakafa. Watu waliokuwa ng'ambo waliiona kwa macho. Haikukosa rada, ilikosa mtu wa kuizuia isijazwe kupita kiasi.

Basi, wakituletea mradi wa rada, tuulize: Nani atakesha mbele ya kioo? Boti ya kuokoa iko wapi, na mafuta yake nani analipa? Habari hizo zitaokoa watu, ao zitafuatilia kodi tu? Majibu yakikosa, feza hiyo inunue kwanza jile za kuokolea.