Wagonjwa wa soriasisi nao wahesabiwe

Wako Wakenya ambao huenda hospitali mwezi baada ya mwezi, wakapanga foleni, wakaandikiwa dawa na kurejea makwao, ilhali katika hesabu za taifa ni kana kwamba hawapo. Nawazungumzia wenye soriasisi. Maradhi haya hayaletwi na uchafu wala uchawi, na hayaambukizi kamwe. Kinga ya mwili huenda kombo ikaihimiza ngozi kujijenga upya kwa siku chache badala ya majuma kadhaa, ndipo viwiko, magoti, kichwa na kiuno vikafunikwa na mabaka manene yenye magamba. Tiba ya kuyaondoa kabisa haijapatikana, ijapokuwa dawa za kuyatuliza zipo.

Wahenga walinena kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Katika suala hili, ndugu msomaji, naona kalamu ndiyo inayoficha.

Hebu tulifuate jina la ugonjwa katika safari yake. Mgonjwa akishaonana na daktari au afisa wa kliniki, ugonjwa wake hutiwa katika rejista ya wagonjwa wa nje, MOH 204. Mwisho wa mwezi hesabu hufanywa na kujazwa katika fomu ya muhtasari, MOH 705, kisha takwimu hizo huingizwa katika mfumo wa kompyuta ambao Kenya iliueneza nchi nzima mwaka 2011. Katika fomu hiyo malaria ina mstari wake, kifua kikuu kina wake, kisukari kina wake. Soriasisi hutiwa kapu moja na ukurutu na mengine chungu nzima, kapu liitwalo magonjwa ya ngozi. Nalo si kapu dogo, kwa maana magonjwa ya ngozi kwa miaka mingi yamekuwa miongoni mwa yale yanayowapeleka watu wengi zaidi katika vituo vya afya. Lakini ndani yake nani anaugua nini? Fomu haisemi.

Wala haiwezi kudaiwa kwamba hakuna njia ya kuyatofautisha. Shirika la Afya Duniani lina orodha ya kimataifa ya magonjwa, ambamo kila ugonjwa umepewa msimbo wa herufi na tarakimu. Katika toleo la kumi, lililoidhinishwa mwaka 1990, soriasisi ni L40. Ile ya kawaida ya mabaka ni L40.0, ile inayoshambulia viungo ni L40.5. Choa ni B35 na upele ni B86. Toleo la kumi na moja, lililoanza kutumika Januari 2022, limeipa soriasisi EA90. Karani hahitaji wino mwingi kuandika hivyo. Tena msimbo una heri nyingine: humwezesha mgonjwa kupita mbele ya dirisha la malipo bila jina la maradhi yake kutangazwa kwa foleni nzima.

Namfahamu mama mmoja muuza mboga mwenye madaftari manne ya hospitali, yale madaftari ya shule tunayonunua langoni. Katika miaka sita ameandikiwa mara choa, mara mzio, mara "ngozi" tu, neno moja na saini chini yake. Kila aliyempokea alianza upya, akampa dawa za kuvu ambazo alikwisha kupewa na zisimfae. Wateja wakaanza kukataa kupokea chenji mkononi mwake. Vidole vilipovimba hata akashindwa kufunga mafungu ya sukuma wiki, aliambiwa ni baridi yabisi ya uzee. Ana umri wa miaka 41.

Lau mmoja wao angaliandika "soriasisi" katika daftari la kwanza, huenda aliyelifungua la nne angaliviangalia vile vidole kwa jicho jingine. Ugonjwa huu huwapata wengi katika viungo, aghalabu miaka kadhaa baada ya ngozi, na kiungo kikishaharibika hakirudi kilivyokuwa.

Kuna hatari zaidi. Mgonjwa wa soriasisi akimezeshwa vidonge vya predinisoloni kisha vikakatizwa, ugonjwa unaweza kulipuka mwili mzima na kutishia uhai wake. Klorokwini nayo hujulikana kuuchochea. Isitoshe, soriasisi inayozuka ghafla na kwa ukali yaweza kuwa ishara kwamba mgonjwa ana virusi vya ukimwi, na hapo upimaji ungemfaa mapema. Mhudumu atayajuaje haya yote ikiwa daftari lasema "ngozi"?

Nakiri kwamba upo ugumu wa kweli. Vitabu vingi vya udaktari viliandikwa kwa kutazama ngozi nyeupe, hivyo husema kwamba mabaka ni mekundu. Kwa ngozi yetu rangi hiyo aghalabu huonekana kama zambarau, kijivu au kahawia iliyokolea, na asiyefunzwa atapita bila kuitambua. Mabingwa wa ngozi ni wachache, nao wengi wako Nairobi. Hata hivyo maafisa wa kliniki waliobobea katika ngozi wapo, wengine wakiwa wamefunzwa katika kituo cha Moshi, Tanzania, ambacho kimehudumia nchi nyingi za Afrika.

Watajibu wahudumu kwamba foleni ni ndefu na mkono ni mmoja. Ni kweli, wala sitaki mtu atungiwe insha. Natosheka na jina la ugonjwa, muda uliodumu, dawa zilizokwisha kutumiwa, kama viungo vinauma, na ukubwa wake. Huo ukubwa hauhitaji mtambo: kiganja cha mgonjwa pamoja na vidole vyake hukadiriwa kuwa asilimia 1 ya ngozi yake yote. Mwenye nafasi zaidi ana yale maswali 10 ya Finlay na Khan, yaliyochapishwa mwaka 1994, yanayopima jinsi maradhi ya ngozi yanavyoathiri kazi, mavazi na ndoa ya mtu. Na asiye na hakika aandike kwamba anashuku soriasisi. Shaka iliyoandikwa humfaa atakayefuata.

Halafu pana fedha. Kaunti huagiza dawa kwa kutazama mahitaji yaliyoandikwa, na ugonjwa usioandikwa hauna mahitaji. Bima nayo, iwe ya kampuni au ya Mamlaka ya Afya ya Jamii (SHA) iliyochukua mahali pa NHIF Oktoba 2024, hulipa kwa kufuata karatasi. Mgonjwa anayehitaji dawa ghali za kutuliza kinga ya mwili ataombaje msaada ikiwa kumbukumbu zake za miaka sita hazina hata neno moja la kumtetea?

Mwezi wa Mei 2014 mataifa wanachama wa Shirika la Afya Duniani, Kenya ikiwemo katika shirika hilo, yalipitisha azimio la kuitambua soriasisi kuwa maradhi sugu, yenye maumivu na yanayolemaza. Mei 2025 likapitishwa jingine kuhusu magonjwa ya ngozi kwa jumla. Maazimio hayo yanataka takwimu, na takwimu haziwezi kutoka katika kapu.

Fomu ya MOH 705 si msahafu. Imekwisha kurekebishwa kabla ya sasa. Itakaporekebishwa tena, Wizara ya Afya iipe soriasisi mstari wake, na ukurutu wake. Nawe mgonjwa, ukitoka chumbani mwa daktari, fungua daftari lako kabla hujafika dirisha la dawa. Ukikuta limeandikwa "ngozi" peke yake, rudi ndani uulize ni ugonjwa gani, ukaombe uandikwe.